Leseni Uliyosema Umeilipia

Nkowe, Ijumaa, baada ya alasiri

Shaibu mwanangu,

Umetoka hapa sasa hivi kwenda kuaga wenzako, umevaa ile fulana ya bluu niliyoipiga pasi mimi mwenyewe, kwa hiyo sina haja ya kukuuliza hali. Mambo ya kufua, kula na kulala ndani ya chandarua siyaandiki. Unayajua, na kama huyajui mbu wa Dar watakufundisha haraka kuliko mimi.

Naandika kwa sababu nikikwambia kwa mdomo utainamisha kichwa, utachezea simu, utasema "sawa mama," halafu mimi nitalia au nitakuzaba kofi, na yote mawili siyataki siku ya mwisho. Barua hii nitaiweka juu ya begi lako, pale penye zipu, uikute kabla hujatia viatu.

Nina hasira na wewe, Shaibu. Nina hasira na nimeumia, na wiki nzima nimekuwa nikikupakulia chakula hivyo hivyo. Ninajua kwamba leseni ya bastola yangu hukuilipia. Nimejua tangu Jumatatu. Na Jumanne ukaniwekea mezani, chini ya kopo la sukari, karatasi ya mdhamini ya hiyo kampuni ya ulinzi iliyokupa kazi, ukaacha na kalamu juu yake, ili nisaini kwamba wewe ni mwaminifu na kwamba ukimaliza mafunzo unafaa kukabidhiwa silaha. Nimeisoma kila asubuhi nikichukua sukari ya chai. Ngoja nikueleze karatasi ile inasomekaje kwa mtu kama mimi.

Kovu la mkono wangu wa kushoto unalijua, ulikuwa ukilipapasa ukiwa mdogo. Baba yako tulikuwa tumeshamzika. Nilikuwa natoka benki Nachingwea na pesa za wateja, maana msimu wa korosho watu wakilipwa wanataka kutoa, na wakala wa pesa za simu kama mimi asiye na pesa mkononi hana tofauti na kibao cha ukutani. Walitutokea, mimi na dereva wa bodaboda, kwenye kona yenye mikorosho mikubwa, vijana wawili na panga. Niliinua mkono kuukinga uso. Walichukua walichotaka wakaondoka, na tangu siku hiyo kila pikipiki iliyopunguza mwendo nyuma yangu moyo ulinienda mbio. Kuacha kazi nisingeweza, ndiyo iliyokuwa ikikuvalisha sare za shule. Ndipo nikaomba silaha.

Watu wanadhani bastola unakwenda dukani kama unanunua jembe. Inaanzia kijijini, Shaibu. Unaandika barua, halafu unakaa kwenye benchi mbele ya serikali ya kijiji, na majirani zako wanakujadili ukiwa hapo hapo unasikia. Sheria inataka silaha ifichwe chini ya nguo asiione mtu, lakini kijiji kizima kinaijua kabla wewe mwenyewe hujaishika. Siku hizi jambo hilo linanichekesha. Siku ile halikunichekesha.

Mzee mmoja aliuliza, "Sasa Mama Shaibu hiyo bastola ataifutika wapi? Kifuani?" Wakaangua kicheko. Mwingine akadakia, "Na nani atakwenda kuposa pale tena? Atapigwa risasi mlangoni!" Mtendaji akagonga meza, nao wakazidi kucheka. Ndipo Bi Somoe akainuka. Alikuwa mjumbe wakati ule, na mguu ulikuwa umeshaanza kumsumbua, lakini alikataa kushikwa mkono.

"Nyie wanaume mnacheka nini? Mkono wake mmeuona? Huyu mie nimemjua tangu anabebwa mgongoni. Mbuzi wa watu wamemlia mihogo shamba zima, hakurusha hata jiwe. Kaenda kwa mwenye mbuzi, kakaa chini, kasema. Mtu wa hivyo ndiyo wa kupewa. Akija akiharibu, msimfuate yeye. Njooni kwangu mie, mniulize mie."

Akakaa, na kicheko kikaisha. Maombi yangu yakapita, yakaenda kata, yakaenda kwenye kamati ya usalama ya wilaya kule Ruangwa. Nilichukuliwa alama za vidole kama mwizi wa kuku. Daktari akaniuliza kama huwa nasikia sauti za watu wasiokuwepo, nikamwambia nasikia ya mwanangu akiomba hela, akacheka akaandika. Lakini yote hayo yalisimama juu ya maneno ya yule mwanamke. Mimi sikupewa silaha kwa sababu ya kovu. Nilipewa kwa sababu kuna mtu aliweka jina lake mbele ya langu.

Afande aliyetufundisha kulenga alitukalisha chini siku ya mwisho. Alisema leseni ni ya mtu mmoja tu, huwezi kumwazima ndugu wala mume. Huionyeshi hadharani, huingii nayo kilabuni, ikipotea unakimbia kituoni kabla hujala. "Na kila mwaka unalipia na kuihuisha," alisema. "Siku ikipita hujalipia, sheria haikujui tena. Ukikamatwa nayo utaulizwa kama anavyoulizwa jambazi." Niliogopa maneno hayo kuliko mlio wa risasi.

Nilishona mfuko wa kitambaa cha jinzi nikawa naivaa kiunoni chini ya kitenge, siku za kwenda benki tu. Siku nyingine ilikaa kwenye kasha la chuma, na ufunguo unajua ulikuwa wapi: shingoni mwangu. Kulikuwa na siku narudi kutoka Nachingwea nikapitia kwenye ngoma ya binti wa jirani, aliyetoka unyagoni. Wanawake wakanivuta mikono nicheze. Nikagoma kama mtoto. Wakasema nimeanza maringo tangu nipate duka, na nyimbo wakanitungia. Ningewaambia nini? Nilisimama pale nimebana tumbo, natamani ardhi inimeze.

Kuna jambo jingine la bastola ile sijamwambia mtu, na wewe nakwambia kwa sababu unakokwenda utalihitaji. Mwaka wa kwanza tu, nilikuwa natoka Matambarale jioni, dereva ananiendesha taratibu kwa sababu ya mchanga. Nikasikia mtu nyuma anapiga kelele. Nikageuka, mwanaume juu ya baiskeli, anakanyaga kwa nguvu zote, mkono mmoja umeinuka na kitu kirefu. Nikamwambia dereva kimbiza, pikipiki ikateleza. Mkono wangu ulikuwa umeshaingia chini ya kitenge. Nilikuwa nimeishika, Shaibu, na nilikuwa nimeshaamua. Kisha nikaona alichoinua: mwavuli wangu. Nilikuwa nimeusahau pale nilipokunywa maji, na baba wa watu alikuwa amenikimbiza njia yote ile kunirudishia.

Nilimshukuru, akaniuliza mbona natokwa jasho. Nyumbani nilifunga mlango nikakaa sakafuni. Kitu kile kilikuwa kinanilinda, hilo kweli, lakini pia kilikuwa kimeanza kunifanya nimwone kila anayenifuata kuwa ni mwenye panga. Tangu siku hiyo nilijiwekea sharti: nageuka kwanza, natazama uso na mikono, nahesabu pumzi, ndipo mkono usogee. Nimetembea nayo miaka yote na sijawahi kuitoa. Hicho ndicho nilichokuwa najivunia. Wengine wanajivunia nyumba ya bati, mimi nilijivunia kwamba Bi Somoe hakuna aliyekwenda kumuuliza.

Sasa tuje kwako.

Ulipomaliza kidato cha nne na kurudi nyumbani, nilianza kukupa mambo ya simu kwa sababu macho yangu yamechoka na vidole vyako vyepesi. Namba ya malipo ya leseni ilipotoka nilikuandikia, nikakupa na pesa yake, nikakwambia, "Baba, hii usiilaze." Ilikuwa msimu wenyewe, watu wamejipanga mpaka nje. Jioni ukapita dukani, nikakuuliza, ukasema, "Tayari mama." Nikataka kuona. Ukanisogezea simu juu ya vichwa vya wateja, nikaona ujumbe, nikaona jina langu na kiasi chenyewe. Miwani ilikuwa kwenye droo. Sikutazama mwaka. Ulinionyesha ujumbe wa mwaka uliotangulia, mwanangu. Uliutafuta kwenye simu yangu, ukauhifadhi kwenye yako, ukanionyesha.

Siku ile ya kizuizi cha polisi, pale kabla ya kuingia Nachingwea, walikuwa wanapekua mizigo. Mimi sikungoja kupekuliwa. Nilishuka kwenye pikipiki, nikamwita yule askari wa kike pembeni, nikamwambia kwa heshima kwamba nina silaha na nina leseni. Akanipigia saluti ya utani, akasema, "Mama mkubwa huyu." Akachukua kitabu cha leseni, akaangalia, akapiga simu, akarudi uso umebadilika. "Mama, hii imeisha zamani. Haijalipiwa."

Nilibisha. Mimi, mbele ya foleni ya watu, nilibishana na askari. Nilisema mfumo wao mbovu. Akaniambia, "Mama, kwenye mfumo hakuna kitu. Nani alilipa?" Nikasema mwanangu. Akauliza kama nina uhakika. Maneno niliyomjibu ninayasikia mpaka sasa nikiwa napepeta mchele: "Yule hawezi kunidanganya."

Nikakupigia. Hukupokea. Nikakupigia tena, ukapokea, ukasema labda ni mtandao, mama. Mtandao. Wakanifungua ule mfuko wa jinzi, wakaichukua bastola mbele ya vijana wa bodaboda, wakanipandisha gari lao. Nililala mahabusu na binti aliyekamatwa na gongo, akanipa nusu ya kanga yake. Nilikuwa nawaza maskini mwanangu atakula nini.

Na kesho yake ukaja. Ulikuja na chupa ya uji, ukasimama pale kaunta, machozi yanakutoka. Sitakisahau kile nilichofanya. Nilikupitishia mkono kwenye nondo, nikakushika bega, nikasema, "Usilie baba, si kosa lako, ni mtandao tu." Nilikubembeleza, Shaibu. Mimi niliyekuwa ndani nilikubembeleza wewe uliyeniweka ndani, na wewe ukakubali kubembelezwa. Ukafuta machozi ukarudi nyumbani. Faini na usiku wa mahabusu nimeshavisamehe, kwa kweli. Lile bega ndilo linanisumbua kulisamehe.

Nisingejua mpaka leo kama si Mama Tatu, wakala mwenzangu pale stendi. Hakuja kukusema. Alikuja Jumatatu kunipa pole, akawa anashangaa tu: "Lakini kuna siku Shaibu alikuja kwangu kuweka pesa kwenye simu, nikasema kwa nini haweki kwa mama yake? Akakaa pale kwenye benchi langu anaangalia mpira kwenye simu mpaka mkeka wake wa kubeti ukachanika, akatukana timu ya watu, akaondoka." Nikamuuliza siku gani. Akanitajia siku ile ile niliyokupa pesa ya leseni. Nikamwambia nakwenda kutazama maharage jikoni, na jikoni hakukuwa na maharage.

Mambo ya kubeti ninayajua, vijana wote hapa wanabeti, hata yule fundi baiskeli. Ungekuja ukasema, "Mama nimeila," ningekusema kijiji kizima kikasikia, kisha ningeuza gunia la ufuta nikalipia na faini ya kuchelewa, na mambo yangeishia uani kwetu. Ulikuwa na miezi mingi ya kusema. Kila nilipojifunga ule mfuko kiunoni ulikuwa unaniona. Ulikuwa unaniona nakwenda barabarani na kosa la jela chini ya kitenge, na unanifungulia mlango, unasema, "Safari njema mama."

Hapo ndipo ninaposhindwa kukuelewa. Nimejaribu kujilaumu mimi, kwamba miwani ilikuwa kwenye droo, kwamba jambo la sheria la mtu mzima nilimpa kijana alipie kama luku ya umeme. Kweli nilikosea, leseni yenye jina langu ilikuwa ya miguu yangu kuifuata. Nilichoka, na nilipenda kusema kwa wateja, "Mwanangu ananifanyia kila kitu." Lakini nikimaliza kujilaumu, bado wewe upo pale pale.

Sasa hivi siendi benki. Wateja wangu wananiuliza, "Mama Shaibu, pesa ipo?" nawaambia mtandao unasumbua. Unaona? Na mimi nimejifunza neno lako. Bi Somoe tukikutana kisimani ananisalimia, lakini amekuwa akisalimia na kupita. Watu wamemuuliza, kama alivyosema waje wamuulize. Mzee yule yule wa kifuani amemwambia mbele za watu, "Bi Somoe, mtu wako kalala mahabusu na bastola isiyo na leseni." Bibi wa watu hana la kujibu, kwa sababu mimi sijampa la kujibu.

Wilaya wamesema leseni hawajaifuta moja kwa moja, lakini nianze upya, kutoka kijijini. Kesho saa tatu asubuhi serikali ya kijiji inakaa kwa ajili yangu. Nitakaa kwenye benchi lile lile, na wataniuliza kitu kimoja tu: kwa nini uliacha leseni iishe? Nimejaribu majibu mengi nikiwa peke yangu jikoni. Kama nitasema nilisahau, nitakuwa mzembe, na mzembe hapewi silaha. Nikisema mtandao, nitakuwa mwongo. Nitawaambia ilivyokuwa. Nitasema ni mwanangu, na jina nitalitaja.

Karatasi yako ya mdhamini nimeirudisha ndani ya begi, mfuko wa pembeni. Sijasaini. Bi Somoe aliponidhamini alisema kitu alichokiamini kwa moyo wake wote. Mimi nikisaini leo nitakuwa nasema kitu ninachojua si kweli, halafu utapewa bunduki, utasimama mlangoni kwa watu usiowajua, na ndani kutakuwa na mama wa mtu amelala usingizi kwa kuamini saini yangu. Siwezi. Mjomba wako atakusainia, yeye husaini chochote bila kusoma, ukitaka mpitie pale Ruangwa. Mimi ni mama yako, nitakuombea dua barabarani na kila siku, na nyumba hii haitafungwa kwa ajili yako hata siku moja. Lakini jina langu silitoi.

Ila nisikilize mwanangu. Siku ile ya mbuzi na mihogo sikuwa mjinga. Nilijua mwenye mbuzi atanitukana, na alinitukana. Nilikwenda kwa sababu nilitaka nimtazame usoni wakati nasema. Ukiweza kusema kosa lako mwenyewe, kwa mdomo wako, mbele ya mtu uliyemharibia, basi hata bunduki nitasema wapewe watu kama wewe. Ukija kesho, ukamwambia Bi Somoe mwenyewe, nitaomba kalamu ya mtendaji nisaini hapo hapo mbele ya wale wazee wote, wacheke wanavyotaka. Basi la Dar lipo na Jumapili.

La kesho linapita hapa alfajiri. Tangu uko darasa la kwanza, kila safari yako nimekuamsha mimi. Nimekuamsha kwenda jandoni, nimekuamsha siku za mtihani, nimekumwagia maji ya uso ukiwa umelala umesimama. Kesho sitakuja mlangoni kwako. Nitakuwa macho, nitalisikia basi likipiga honi pale njia panda, lakini sitagonga. Utaamka mwenyewe, na utakwenda unakotaka kwenda.

Benchi la ofisi ya kijiji ni la watu wawili. Mimi nitakaa upande wa dirishani.

Mama yako